Kisa cha Meiko Kaji: mwigizaji aliyefuta maneno yake mwenyewe

Agosti 1971, Nikkatsu, kongwe kuliko kampuni zote kubwa za filamu nchini Japani, ilisimamisha kazi. Waigizaji wenye mikataba wakabaki wakisubiri habari. Habari zilipokuja Novemba zilikuwa hizi: studio inafunguliwa, lakini kuanzia sasa itatengeneza filamu za ngono. Zitakuwa fupi, dakika sabini hivi, zenye bajeti ndogo na siku chache za kupiga picha, na mtazamaji hatakiwi kukaa muda mrefu bila kuoneshwa watu kitandani. Mpango huo uliitwa roman poruno na ukadumu hadi 1988.

Meiko Kaji alikuwa na umri wa miaka 24. Alikuwa ameifanyia kazi Nikkatsu tangu amalize shule ya sekondari, na kwa mara ya kwanza jina lake lilikuwa limeanza kuvuta watu kwenye majumba ya sinema. Aliondoka.

Kuondoka peke yake si jambo la kushangaza, kwa kuwa waigizaji wengi walifanya hivyo. Linalonifanya nikichambue kisa hiki ni yale yaliyofuata. Kaji alihamia Toei, kampuni ambayo nayo ilikuwa ikiuza miili ya wanawake, tena kwa damu na mateso juu yake. Ndani ya miezi kumi na miwili akawa sura ya mfululizo wa filamu za gerezani ambazo hadi leo zinajadiliwa na wasomi wa sinema na kupendwa na vijana ambao wazazi wao hawakuwa wamezaliwa zilipopigwa. Aliwezaje, katika biashara ileile aliyoikimbia, kutoka na heshima ambayo wenzake wengi hawakuipata? Naamini jibu liko katika kile alichochagua kujadili na waajiri wake. Waigizaji wengi hujadili malipo, au mahali jina litakapokaa kwenye bango. Kaji aliomba apunguziwe maneno ya kusema, na kupitia ombi hilo akapata udhibiti wa filamu ambao hakuna mkataba ungempa.

Tuanze na tiketi, maana bila tiketi hakuna kinachoeleweka hapa. Mwaka 1958 Wajapani walinunua tiketi za sinema zaidi ya bilioni 1.1. Kufikia 1972 idadi ilikuwa chini ya milioni 200. Kilichotokea katikati ni televisheni: harusi ya mwana wa mfalme mwaka 1959 iliwafanya watu wengi wanunue seti, na Olimpiki ya Tokyo ya 1964 ikamalizia kazi. Akina mama, wazee na watoto wakabaki nyumbani. Waliobaki kwenye viti vya sinema walikuwa hasa vijana wa kiume, na kampuni zikaanza kuwapa kile ambacho televisheni isingethubutu kukirusha sebuleni. Kampuni ndogo zilikuwa zimegundua siri hiyo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1960, na filamu zao za ngono zilikuwa zikiingiza fedha huku vigogo wakihesabu hasara. Desemba 1971, mwezi mmoja tu baada ya Nikkatsu kugeuza mwelekeo, kampuni nyingine kubwa, Daiei, ilifilisika kabisa. Kwa hiyo hatuzungumzii wakubwa waliolala wakaamka na tamaa. Walikuwa watu waliokuwa wakizama, na kama ilivyo desturi ya dunia, waliotangulizwa majini walikuwa wanawake.

Kaji alizaliwa Tokyo, mtaa wa Kanda, Machi 1947, akaitwa Masako Ota. Alijiunga na Nikkatsu mwaka 1965, na kwa miaka minne aliigiza kwa jina hilo bila kushika nafasi ya maana. Nyota wa kike wa kampuni wakati huo alikuwa Sayuri Yoshinaga, binti wa filamu za mapenzi safi na machozi, na kila msichana aliyeingia alipimwa kwa kipimo hicho. Ota hakufanana na kipimo. Macho yake yalikuwa makali mno kwa nafasi za mchumba mpole. Mwaka 1969 mwongozaji mkongwe Masahiro Makino, mtu aliyekuwa akitengeneza filamu tangu enzi za sinema bila sauti, alimchukua katika filamu yake ya yakuza, yaani magenge ya wahalifu wa Kijapani, na ndipo akapata jina jipya, Meiko Kaji.

Baada ya hapo mambo yakaenda kasi. Kati ya Mei 1970 na Januari 1971 Nikkatsu ilitoa filamu tano za mfululizo wa Noraneko Rokku, hadithi za magenge ya wasichana wa mjini, pikipiki, muziki wa roki na bangi. Ya kwanza ilitengenezwa ili kumtangaza mwimbaji Akiko Wada. Watazamaji wakamwangalia yule aliyekuwa pembeni yake, na mfululizo ukawa wa Kaji. Ya tatu, iliyoongozwa na Yasuharu Hasebe, ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Ndani yake genge la wavulana katika mji wenye kambi ya Wamarekani linawawinda vijana waliozaliwa na mama Wajapani na baba wanajeshi wa kigeni. Hilo lilikuwa jeraha halisi la Japani baada ya vita, jeraha ambalo filamu za heshima hazikupenda kuligusa, na likaguswa na filamu ya bei nafuu yenye jina la kuvutia wahuni. Kaji anaongoza genge la wasichana akiwa amevaa kofia nyeusi yenye ukingo mpana. Kofia ya namna hiyo itarudi baadaye katika filamu zake za gerezani, na watu wataidhani ni ubunifu wa Toei.

Hapo ndipo alipokuwa Agosti 1971: ana jina, ana watazamaji, na kampuni yake inamwambia kwamba kilichobaki ni kitanda. Hasebe na Toshiya Fujita, waongozaji wawili waliomjenga, wote baadaye walitengeneza roman poruno. Siwalaumu. Mwongozaji anaweza kupiga filamu ya namna hiyo, kesho akapiga nyingine, na uso wake haumo ndani. Mwigizaji hana mlango huo wa nyuma. Kazuko Shirakawa, aliyefungua mpango mpya wa Nikkatsu Novemba ile, alitoka kwenye kampuni ndogo za filamu za ngono na akawa malkia wa aina hiyo, lakini miaka michache tu baadaye aliacha kazi na kuolewa. Mwezi Januari 1972 polisi walizivamia filamu hizo kwa madai ya uchafu. Kesi ilianza, na washtakiwa walikuja kuachiwa miaka mingi baadaye. Aliyekwenda Toei alikwepa hayo yote, lakini hakuwa amekwenda peponi.

Toei ilikuwa na pengo lake. Tangu 1968 ilikuwa ikitegemea mfululizo wa filamu nane za mcheza kamari mwenye tatuu ya ua jekundu, akiigiza Junko Fuji, binti wa mtayarishaji mkubwa wa kampuni hiyo, Koji Shundo. Fuji alikuwa mfano wa mwanamke wa yakuza: kimono safi, adabu kamili, upanga mkononi, machozi ndani ya jicho yasiyoanguka. Machi 1972 alitoka katika filamu ya kumuaga, iliyoongozwa na Makino yuleyule, akaenda kuolewa na mwigizaji wa kabuki, tamthilia ya jadi ya Kijapani. Upande wa pili wa kampuni, mwongozaji Norifumi Suzuki alikuwa ameanza mwaka uliotangulia kuwainua wasichana wawili wapya, Reiko Ike na Miki Sugimoto, katika filamu za magenge ya wasichana ambamo mapigano na utupu vilikwenda sambamba. Mwanamke aliyeingia Toei mwaka ule alikuwa na viti viwili mbele yake: kiti cha Fuji, au kiti cha Ike na Sugimoto.

Toei ilianza kwa kumkalisha Kaji kwenye kiti cha Fuji. Filamu mbili za 1972 zilimweka mitaa ya Ginza, Tokyo, kama mcheza kamari mwenye moyo wa dhahabu. Ni filamu za kutazamika, hazina aibu yoyote, na hazikutikisa kitu. Nafasi ilikuwa imekatwa kwa kipimo cha mtu mwingine.

Kisha likaja pendekezo la tatu. Toru Shinohara alikuwa na hadithi ya katuni iliyowapendeza wanaume, habari za mfungwa wa kike namba 701, Nami Matsushima, ambaye wenzake wanamwita Sasori, yaani nge. Alimpenda mpelelezi wa dawa za kulevya aitwaye Sugimi. Mpelelezi huyo akamtumia kama chambo ndani ya genge, akamwacha abakwe, kisha akakubaliana na genge lenyewe kwa faida yake. Nami anajaribu kumchoma kisu mbele ya makao makuu ya polisi, anashindwa, anafungwa, na kuanzia hapo anaishi kwa ajili ya kisasi tu. Mwongozaji alikuwa Shunya Ito, ambaye hakuwa ameongoza filamu yoyote kabla ya hapo.

Muswada ulikuwa na kila kilichotarajiwa: wafungwa kuvuliwa nguo, kuchapwa, kushambuliana bafuni. Na mhusika mkuu, kama katika katuni, alikuwa mtu wa matusi mazito. Kaji amesimulia mara kadhaa tangu wakati huo kwamba hapo ndipo alipoweka neno lake. Alimwendea Ito na wazo: mwanamke huyu asiseme. Matusi yote yaondoke, na mengine mengi yaondoke pamoja nayo. Ito akakubali.

Tukae hapa kidogo, maana hiki ndicho kiini cha kisa. Kampuni kama Toei ilikuwa na vitu ilivyovilinda kwa wivu, kwa sababu ndivyo vilivyouza tiketi. Utupu ulikuwa kimoja, damu cha pili. Mwigizaji aliyetaka kuvigusa hivyo alikuwa anagusa mfuko wa tajiri. Maneno ya mhusika hayakuwa na bei yoyote kwa wakuu wale. Nani alinunua tiketi ya filamu ya gereza la wanawake ili asikilize mazungumzo? Kwa hiyo Kaji aliomba kitu ambacho mwajiri alikiona hakina thamani, na akapewa bila mvutano. Thamani yake ilikuja kuonekana kamera zilipoanza kuzunguka.

Mhusika asiposema, kamera inalazimika kwenda kutafuta mawazo yake mahali pengine, na mahali pekee palipobaki ni usoni. Filamu iliyoandikwa ili macho ya mtazamaji yatembee juu ya mwili wa mwanamke ikajikuta inarudi tena na tena kwenye macho ya mwanamke mwenyewe. Naye anakuangalia. Kuna picha katika mfululizo huu ambamo Kaji anamtazama mlinzi kutoka sakafuni, nywele zimemfunika nusu ya uso, jicho moja liko wazi, na mtu aliyekaa kwenye kiti cha sinema akitarajia burudani ya bei nafuu anajikuta yeye ndiye anayepimwa. Sijui mwigizaji mwingine wa sinema hizo aliyefanikiwa kuugeuza mtazamo kwa kiwango hicho.

Jambo la pili ni kelele za wengine. Kwa kuwa yeye hasemi, wanaosema ni wenye mamlaka: mkuu wa gereza, walinzi, mpelelezi, wafungwa wanaojipendekeza. Kadiri wanavyofoka ndivyo wanavyoonekana wadogo. Filamu ya kwanza inaanza na sherehe ya maafisa wa gereza kutunukiwa hati ya utumishi bora, bendera ya taifa ikipepea na wimbo wa taifa ukipigwa, na katikati ya heshima hiyo king'ora cha watoro kinalia. Baadaye, katika kumbukumbu ya usiku wa kwanza wa Nami na mpelelezi wake, damu inasambaa kwenye shuka jeupe kwa umbo la duara jekundu, na hakuna Mjapani aliyehitaji kuelezwa kwamba anaangalia bendera. Ito alikuwa na hasira na dola, na hasira hiyo iliwekwa ndani ya mwanamke ambaye hakutoa hotuba hata moja. Angehutubia, filamu ingekuwa kipeperushi.

Na Ito anastahili sifa zake. Ukimya wa Kaji ungeweza kuwa ubao mtupu mikononi mwa mwongozaji mvivu. Yeye aliujengea jukwaa: kuta zinazozunguka, taa zinazobadilika kuwa nyekundu au bluu katikati ya tukio kama kwenye kabuki, sakafu ya kioo ili kamera itazame kutoka chini. Katika filamu ya pili, iliyotoka Desemba 1972, tunamkuta Nami shimoni, amefungwa mikono, akinoa kijiko sakafuni kwa meno yake. Mkuu wa gereza, ambaye jicho lake moja liliharibiwa katika filamu ya kwanza, anashuka kumtembelea, nasi tunajua kijiko kile kinaelekea wapi. Tukio zima linasimuliwa kwa sauti ya chuma kikikwaruza zege. Ndani ya filamu hiyo Kaji anatamka maneno machache mno, na mbele yake Ito amemweka Kayoko Shiraishi, mwigizaji mkubwa wa jukwaani, ambaye anapiga kelele, anacheka, analaani, anajaza kila kona kwa sauti. Mmoja ana kila kitu cha kusema na mwingine hana haja. Filamu ya tatu, ya 1973, inafunguka ndani ya treni ya chini ya ardhi: mpelelezi mwingine anafanikiwa kumfunga pingu, na Nami anaukata mkono wa mpelelezi huyo na kukimbia mjini, mkono ukining'inia kwenye pingu yake. Hapo pia, hakuna neno.

Kuna sehemu ya tatu ambayo watu huisahau. Yule asiyesema anaimba. Wimbo wa mfululizo huo, Urami-bushi, uliandikwa maneno na Ito mwenyewe, ukatungwa na Shunsuke Kikuchi, ukaimbwa na Kaji, na ukauzika vizuri sana. Ni malalamiko ya mwanamke aliyedanganywa, kwa mtindo wa nyimbo za huzuni ambazo Wajapani wa rika lote walizijua. Sikiliza jinsi unavyotumika. Ndani ya hadithi mdomo umefungwa, na nje ya hadithi sauti yake inatusimulia moyo wake sisi tu, bila mlinzi, mpelelezi wala mfungwa mwenzake kusikia. Watazamaji wa kiume walioingia kutazama wanawake wakiteswa walitoka wakiimba lawama dhidi yao wenyewe. Kwa mtu aliyekulia pwani yetu, ambako mwanamke anaweza kumjibu adui yake kwa taarabu bila kumtaja, mpango huo hauhitaji mkalimani.

Sasa lazima niseme upande mwingine, kwa sababu wapo mashabiki wanaozieleza filamu hizi kana kwamba ni ilani ya ukombozi wa wanawake. Siwezi kufika huko. Wanawake wanavuliwa, wanapigwa na kubakwa ndani ya filamu hizi, na matukio hayo yamepigwa picha ili yauze. Filamu ya kwanza haikumwacha Kaji mwenyewe. Mwili wake unaoneshwa. Katika zilizofuata karibu hakuna tena, na tofauti hiyo ni ushahidi wa nguvu aliyoipata njiani, lakini waigizaji wa kike waliomzunguka hawakupata kinga hiyo. Aliyeshinda alikuwa mmoja. Wafungwa wengine wa filamu waliendelea kulipa kodi ambayo yeye alisamehewa. Mtu anaweza kuzipenda filamu hizi kwa moyo wote, kama nizipendavyo, na bado akaliona hilo kila anapozitazama.

Wala nisingependa Ike na Sugimoto wahukumiwe kwa kumlinganisha na Kaji. Walikuwa na vipaji, na zipo filamu zao ambamo ujasiri wao unawasha skrini. Walichokosa ni muda. Kaji alipofika mbele ya Ito alikuwa na miaka sita ya studio nyuma yake, ikiwemo ile minne ya kusimama pembeni akiwatazama wengine wakipigwa picha. Alijua filamu inajengwaje, alijua mwongozaji anayeanza anatafuta nini, na alikuwa tayari amewahi kufunga begi na kuondoka kampuni moja. Mwajiri anayejua kwamba unaweza kuondoka hukusikiliza kwa sikio tofauti. Wenzake waliingia moja kwa moja kwenye mashine ikiwa inazunguka.

Uthibitisho wa hoja hii uko katika namna alivyomaliza. Kati ya Agosti 1972 na Desemba 1973 alitoa filamu nne za Sasori. Ito aliacha baada ya ya tatu, na ya nne ikaongozwa na Hasebe, mtu aliyemfahamu tangu siku za kofia nyeusi ya Nikkatsu. Ni filamu nzuri kiasi, yenye mwanga wa kawaida na dunia ya kawaida, na ukiitazama unaelewa ni kiasi gani Ito alikuwa amechangia. Baada ya hapo Kaji akaondoka kwa mara ya pili, mfululizo ukiwa bado unauza. Toei ilimtafuta mrithi: Yumi Takigawa mwaka 1976, Yoko Natsuki mwaka 1977. Kofia ilikuwepo, gereza lilikuwepo, namba ilikuwepo. Kila mmoja alipata filamu moja, na mambo yakaishia hapo. Kama mafanikio yangekuwa ya hadithi, au ya mateso, au ya utupu, yangeendelea.

Desemba hiyohiyo ya 1973 alionekana pia nje ya Toei, katika Shurayuki-hime, iliyoongozwa na Fujita na kusambazwa na kampuni ya Toho, kutoka katuni ya Kazuo Koike na Kazuo Kamimura. Ni hadithi ya enzi za Meiji (1868–1912), ya msichana aliyezaliwa gerezani wakati theluji inaanguka, aliyezaliwa makusudi ili alipize kisasi kwa walioiangamiza familia ya mama yake. Upanga uko ndani ya mpini wa mwavuli. Naye huko anasema zaidi kidogo, lakini sura ni ileile, na wimbo wa filamu ni wake tena. Quentin Tarantino alipotengeneza Kill Bill, miaka 30 baadaye, alichukua mengi kutoka filamu hii, na akaziweka nyimbo zote mbili za Kaji ndani ya kazi yake. Kwa hiyo msomaji aliyeitazama Kill Bill, awe Mombasa, Dar es Salaam au Bukavu, amekwisha kumsikia Meiko Kaji hata kama hakulijua jina lake.

Umaarufu huo wa baadaye huwafanya watu wadhani kwamba alipanda moja kwa moja. Uamuzi wake ulikuwa na bei. Katikati ya miaka ya 1970 sinema za Japani hazikuwa na nafasi nyingi za mwanamke aliyekataa vitanda na aliyekwisha kuchoka kisasi. Toei ilikuwa imehamia kwenye filamu za yakuza za mtindo wa kihabari, alizozianzisha Kinji Fukasaku, ambamo wanaume wanachinjana na wanawake wanasubiri habari za msiba. Kaji alipata nafasi humo, na alizifanya kwa uzito. Katika filamu ya pili ya mfululizo wa Fukasaku kuhusu magenge ya Hiroshima, ya 1973, ni mjane wa vita anayependwa na muuaji kijana ambaye ukoo wake hautamkubali. Mwaka 1976, kwa mwongozaji huyohuyo, ni mke wa yakuza aliyefungwa, mwenye damu ya Kikorea, na kupitia kwake filamu inasema wazi juu ya ubaguzi ambao Wajapani wengi walipendelea unyamaziwe. Ni nafasi zenye maana, lakini filamu zenyewe ni za wanaume.

Ndipo tunafika 1978, na hapa kisa kinapata sura ambayo sikuitarajia nilipoanza kukifuatilia. Yasuzo Masumura, mwongozaji aliyekuwa nguzo ya Daiei na kubaki bila nyumba kampuni hiyo ilipofilisika, alitengeneza filamu kutokana na tamthilia ya vikaragosi ya mwandishi wa kale Chikamatsu ya mwaka 1703, Sonezaki Shinju, habari za kahaba wa Osaka na karani maskini wanaochagua kufa pamoja. Kahaba Ohatsu aliigizwa na Kaji. Watu wawili waliotupwa nje na msukosuko wa mwaka uleule wa 1971, mmoja na kampuni iliyofilisika na mwingine na kampuni iliyogeuka, walikutana kwenye kazi moja.

Na Ohatsu anasema. Anasema sana, kwa kasi, kwa sauti ya juu, sentensi zikimiminika kwa mapigo ya tamthilia ya kale, bila pumziko la kawaida la mazungumzo. Masumura alitaka mapenzi yatangazwe kama hoja mbele ya baraza. Ukiwa umezoea Sasori, dakika za kwanza zinashtua, kisha unaanza kuona kitu kimoja: macho ni yaleyale. Mwanamke aliyejenga jina kwa kufuta mistari sasa anabeba mistari mingi kuliko mtu yeyote kwenye filamu, naye haipotezi hata mmoja. Mwaka huo alitwaa tuzo za mwigizaji bora wa kike kutoka kwa wakosoaji na magazeti ya Japani, zikiwemo Hochi, Mainichi na Blue Ribbon. Waliokuwa wakisema kwamba ananyamaza kwa sababu hajui kusema walipata jibu lao humo.

Baada ya hapo riziki yake kubwa ilikuwa televisheni, ileile iliyovunja studio zilizomlea. Kuanzia 1989 aliigiza Omasa, mwizi wa zamani anayegeuka kuwa mpelelezi wa siri, katika Onihei Hankacho, tamthilia ya kihistoria ambayo nafasi yake kuu ilishikwa na Kichiemon Nakamura. Omasa hana kofia, hana mwavuli wenye upanga, na havuliwi nguo na mtu. Anasikiliza milangoni, anakumbuka sura za watu, anarudi na taarifa. Tamthilia hiyo ilimalizika 2016, Kaji akiwa na miaka 69, na watazamaji wengi wa Kijapani wa umri wa kati ukiwatajia jina lake humkumbuka Omasa kwanza, kabla ya mfungwa namba 701.